Ubao wa Mtondoo Uliokwenda Doha

Wengi wenu mmesikia kwamba nilikamatwa Doha kwa ajili ya kipande cha ubao. Sikukamatwa. Nilizuiwa kwa muda wa saa moja na nusu, nikapewa maji ya kunywa, na aliyenizuia aliniomba radhi tulipoagana. Lakini kwa kuwa habari imeshafika Msambweni ikiwa na pingu na askari wanne, naona bora niiandike mwenyewe, kituo kwa kituo, nisiisimulie upya kila ninapokwenda kunyoa.

Mnajua niliwahi kuendesha basi la hoteli Doha, miaka mitano, kabla miguu haijaniwasha nikaenda Maskati na baadaye Juba. Katika hoteli ile alikuwako mwalimu wa kuogelea aitwaye Tere, mtu wa Visiwa vya Cook, kule katikati ya Pasifiki, upande ambao ramani ya shule yetu ilikuwa imechanika. Siku ya kwanza aliponialika kwake, mtaa wa Abu Hamour, nilikuta mezani bakuli la mti, refu kama beseni la kuogeshea mtoto, lenye miguu minne, lote limechongwa kwa gogo moja. Mti wake ulikuwa mwekundu, wenye mistari inayong'aa ukiugeuza kwenye mwanga. Nikasema huu ni mtondoo. Akasema huu ni tamanu. Tulibishana mpaka akaleta picha: majani mazito yanayometa, maua meupe, tunda la mviringo. Ulikuwa mti wetu ule ule wa ufukweni Gazi, ambao tondoo zake tulizichezea utotoni na bibi zetu wakizikamua mafuta ya kuwashia taa.

Basi Novemba moja, nimesharudi Gazi, Tere akanipigia simu. Wakati wa joto familia yake ilisafiri na kuacha kiyoyozi kikifanya kazi miezi miwili, na bakuli likapasuka ubavuni, ufa wa kupitisha kadi ya simu. Bakuli hilo alilichonga babu yake. Mama yake ndiye aliyempa, ingawa ndugu zake wote walitaka lisitoke kisiwani. Na sasa mama huyo, mwenye miaka zaidi ya themanini, alikuwa anakuja Doha mwezi wa Februari kwenye harusi ya mjukuu wake Ina, binti wa Tere, na chakula cha kwanza cha harusi lazima kiliwe humo.

"Kwetu bakuli huzibwa kwa mti wa aina yake," Tere akaniambia. "Ukitia mti mwingine, kila mmoja unatanuka kwa wakati wake, kiraka kinatoka. Nikiagiza nyumbani, ndugu zangu watajua. Kasimu, wewe mti huo uko mlangoni pako. Mama akilikuta hivi, sijui nitamtazama vipi."

Ningeweza kuutuma huo ubao. Lakini mnanijua.

Gazi hadi Mombasa

Nilikwenda kwa Fundi Mwinyi, ambaye hutengeneza mashua, kwa sababu nilijua ana tawi nene la mtondoo lililokatwa zamani. Alinipasulia ubao wa urefu wa mkono, unene wa vidole vinne, mzuri sana. Nikanyoosha mkono kuuchukua, akauvuta nyuma.

"Unakwenda nao wapi?"

"Arabuni, Fundi. Si nimekueleza?"

"Ukiupeleka hivi utaliwa na dumuzi kabla hujafika Nairobi. Uache kwanza ukalale baharini."

Akauzika kwenye mchanga, pale maji yanapofika na kutoka, wiki mbili nzima. Hakuna fundi wa pwani yetu asiyefanya hivyo, na mimi sikuona la kuuliza. Ulipotoka ulikaa kivulini wiki mbili nyingine, ukawa mzito, mgumu, hauna hata tundu la sindano. Niliusifu njia nzima. Niliufunga kwenye gunia, nikavuka nao Likoni, nikapanda basi la kwenda Nairobi nimeuweka kati ya magoti.

Nairobi hadi Addis Ababa

Tiketi na makaratasi nayaruka. Msichana wa uwanjani Nairobi aliuliza kama ubao ni silaha. Nikamwambia ni kiraka. Alimwita mkubwa wake, nikamwambia ni kiraka cha bakuli, mkubwa akauliza bakuli liko wapi, nikasema Doha. Nadhani waliniruhusu kwa kuchoka.

Addis tulikwama kwa muda wa saa kumi na moja. Hakuna aliyetuambia sababu. Ubao wa matangazo uliendelea kutuahidi saa moja mbele, na saa hiyo ikifika unaahidi nyingine. Viti vilijaa, tukakaa chini. Karibu yangu alikuwa dada wa Kihabeshi, Almazi, anayekwenda kupika katika nyumba moja Doha kwa mara ya kwanza. Alikuwa na mfuko wa shayiri ya kukaanga, mimi nilikuwa na mahamri yaliyoanza kukauka. Tuliulaza ubao sakafuni ukawa meza yetu, na kabla ya saa sita usiku wakawa wamejisogeza watu watano: mwenye mayai ya kuchemsha, mwenye ndizi, na mzee mmoja wa Kisomali mwenye chupa ya chai ambayo sijui aliipitisha vipi kwa askari.

Almazi aliniuliza Doha kukoje. Nilitaka kumwambia mambo mengi. Nikamwambia majira ya baridi ni mazuri, na kwamba jioni watu hukaa kando ya maji na watoto, na kwamba akipata mwenyeji wake mapema asimwache. Akauliza, "Na hawa wanaokula na wageni chini hivi, wako?"

"Wako. Utawaona mtaa wa Najma."

Alicheka, akaupangusa ubao kwa ukaya wa kichwani mwake kabla ya kunirudishia.

Doha, mezani kwa forodha

Hapa ndipo penye pingu zenu.

Ule ulikuwa bado uwanja wa zamani, ule mdogo. Ofisa alikuwa kijana mwenye kanzu nyeupe iliyonyooshwa hata mikunjo ikaogopa kurudi. Alifungua gunia, akautazama ubao, akaukwaruza kwa ukucha, akainua macho kwangu kwa namna mpya kabisa.

"Hii udi?"

Nilikuwa nimesahau. Kwa watu wa Ghuba, kipande cha mti chekundu, kizito, kilichofungwa vizuri na mtu asiyekiachia, ni udi tu, ule wa kufukiza, ambao kipande kama kile kingenunua nyumba. Nikasema siyo, ni mti wa kuzibia bakuli. Akatabasamu kama mtu aliyesikia uongo mzuri. Akamwita mwenzake. Mwenzake akamwita mzee mmoja kutoka chumba cha ndani, ambaye inaonekana ndiye pua ya uwanja mzima.

Mzee alinikaribisha kiti, akaagiza nipewe maji. Akachonga kijisehemu kidogo sana kwa wembe, kwa adabu, akiniomba ruhusa kwanza. Akakiweka juu ya kaa la chetezo chake mwenyewe. Sote tukainama. Moshi ulipanda, mwembamba. Mzee akafumba macho, akavuta. Akayafumbua.

"Hii siyo udi," akasema. "Hii samaki."

Wale vijana walicheka mpaka mmoja akajifutia machozi kwa kitambaa cha kichwa. Mzee hakucheka. Aliufunga ubao upya, vizuri kuliko nilivyoufunga mimi, akaniambia, akiniita rafiki kwa Kiarabu, "Samahani kwa muda wako, sadiki. Lakini mwambie mwenye bakuli aunuse kwanza."

Laiti ningemsikiliza. Nilikuwa na haraka ya kutoka.

Najma

Nilifikia kwa Wasswa, Mganda, mlinzi kwenye kiwanja cha ujenzi. Tulijuana tangu enzi za hoteli. Anakaa Najma, chumba cha watu sita, juu ya duka la Mmalabari, Mhindi wa kusini, linalouza nazi, mafuta ya nazi, na sufuria za kila ukubwa. Mwaka ule walikuwa wanachimba kila barabara ya Doha. Kutoka kituo cha teksi hadi mlangoni kwake nilipita juu ya mbao za mafundi mara tatu.

"Muzee, umekuja na mlango?" akaniuliza akiliona gunia.

"Ni kiraka."

"Mtu anatoka Kenya na kiraka. Ssebo, hapa Doha viraka havipo?"

Nikamweleza. Alisikiliza hadi mwisho, akaniandalia wali na maharage, na akawafahamisha wenzake kwamba mgeni atalala kitanda chake, yeye ana zamu. Wale watano waliobaki walinipisha bafuni asubuhi kabla yao, wote wakiwa wanachelewa kazini. Nimekaa katika hoteli zenye nyota ambazo hazikunitendea hivyo.

Abu Hamour

Tere alikuwa amenenepa na nywele zimeingia mvi, lakini kumbatio lake ni lile lile la kukunyima pumzi. Alinipeleka moja kwa moja bafuni. Bakuli lilikuwa ndani ya beseni kubwa la kuogea, kavu, limefunikwa taulo la maji. Miezi mitatu alikuwa akililowesha taulo hilo asubuhi na jioni ili ufa usiendelee, na familia nzima ikaogea kwenye choo cha wageni.

Nilimpa ubao. Aliupindua kwenye mwanga, akapitisha kidole gumba kufuata mistari, na uso wake ukafunguka. Akasema maneno ya kwao. Halafu akafanya jambo ambalo sikulitegemea: aliulamba.

Akaulamba tena, upande wa pili.

"Kasimu. Umeuweka wapi mti huu?"

"Baharini. Wiki mbili. Fundi wetu ni hodari, hauna dumuzi hata mmoja."

"Kwa kutengeneza mtumbwi, sawa. Hata kwetu. Lakini hili ni la chakula." Akakaa kwenye ukingo wa beseni. "Chumvi imeingia mpaka ndani. Itavuta unyevu kila siku, kiraka kitavimba na kusinyaa, kitatoka kama jino. Umeniletea papa mkavu."

Hapo nilielewa yule mzee wa forodha. Sisi watu wa mashua mti ni wa kupambana na maji ya nje, na chumvi ni rafiki yake. Kwao Tere mti huu ni wa bakuli kwanza, na wanaupenda kwa sababu hauna ladha, hauingii kwenye chakula. Nilikuwa nimesafiri siku tatu kumletea kitu kilichoharibiwa kwa uangalifu mkubwa. Harusi ilikuwa baada ya wiki tatu, na mama yake angefika siku mbili kabla.

Ina, yule bibi harusi, alikuwa mlangoni akisikiliza. "Baba, kwa nini usimwambie tu Bibi?"

"Mwambie wewe," Tere akasema.

"Mimi naolewa, sitaki kufa."

Siku kumi na tisa

Tere hakunilaumu tena baada ya siku ile, na hilo peke yake ningelisimulia. Asubuhi yake alisema kwamba ubao mzima hautapona kwa wakati, lakini vipande vidogo vinaweza. Akachora kwenye karatasi viraka vitatu, kila kimoja umbo la mikia miwili ya samaki iliyounganishwa kwa shingo, ili vilale kuukatiza ufa na kuushika pande zote mbili. Akavikata kwa msumeno mwembamba, vikubwa kidogo kuliko inavyotakiwa, pamoja na ukanda wa kujaza ufa wenyewe.

Siku sita vilikaa kwenye maji matamu. Kazi yangu ilikuwa kubadilisha maji mara tatu kwa siku na kulamba. Msicheke. Siku ya kwanza ilikuwa kama kulamba nguzo ya gati. Siku ya nne nilihisi chumvi kwa mbali. Siku ya sita Tere alilamba, Ina akalamba, mimi nikalamba, hatukuonja kitu.

Kisha vilitakiwa kukauka polepole ndani ya mchanga mkavu. Nikapendekeza twende Al Wakrah, mji wa pwani karibu na Doha, ufukwe uko wazi, mchanga bure. Tere alinitazama tu. Nikakumbuka chumvi. Wasswa ndiye aliyetuokoa: alimwomba msimamizi wa kiwanja chake ndoo mbili za mchanga uliooshwa, wa kuchanganyia saruji. Msimamizi, Mnepali, aliuliza ni wa nini. Wasswa akamjibu, "Kuna Mkenya analamba mbao," na akapewa ndoo tatu.

Kila asubuhi tuliviweka viraka kwenye mizani ya jikoni ya Ina. Vilikuwa vikipungua uzito kidogo kidogo. Siku uzito utakapoacha kushuka ndiyo siku vimekauka. Tukingoja, Tere alisokota kamba kwa nyuzi za makumbi ya nazi kutoka duka la Mmalabari, akizivingirisha kwenye paja lake bila kutazama, na kunisimulia. Kwao mti huu ulipandwa mahali pa ibada za kale, na wakubwa walikaa chini yake. Hutoa mitumbwi, vigoda na mabakuli. Majani yake huloweshwa maji ya kuoshea macho yanayouma. Kokwa ikiwa mbichi haina mafuta; huanikwa wiki nyingi mpaka inageuka rangi ya kahawa na kunata, ndipo inakamuliwa, na mafuta hayo hupakwa watoto wachanga na wavuvi waliounguzwa na jua. Nikamwambia bibi yangu naye alikuwa akizianika juu ya paa, na nilipokuwa mdogo nilidhani amezisahau huko. Tere akaacha kusokota. "Nani aliwafundisha?" akauliza. Sikujua, na yeye hakujua nani aliwafundisha wao.

Siku ya kumi na nne uzito ulisimama. Tere alichimba mahali pa viraka kwa patasi, siku tatu, bila redio. Kiraka cha mwisho alikigonga kwa kisigino cha mkono, kikaingia kwa sauti ndogo ya kufunga mlango mzuri. Chini kabisa, pale ufa ulipoishia, alitoboa matundu manne akafunga kwa kamba yake. Tulilipaka mafuta ya nazi. Lilikuwa zuri. Kujaribu kwa maji hakutaka.

"Litajaribiwa na mwenyewe," akasema.

Al Wakrah

Harusi ilifungwa asubuhi, na chakula kilikuwa kwenye nyumba ya kukodi Al Wakrah, uani, karibu na bahari. Mama yake Tere, wanayemwita Mama Vaine, ni mwanamke mfupi, mwenye kofia ya ukili yenye maua na mikono mikubwa kuliko yangu. Siku mbili zile Tere alikuwa amemwambia bakuli liko kwa mpishi. Sasa lilikuwa mezani, tupu, na watu wapatao arobaini wamesimama.

Alilikaribia, akaweka viganja vyote ndani, akaanza kulipapasa kama unavyopapasa mgongo wa mtoto. Vidole vikafika ubavuni, vikasimama. Vikarudi. Tere alikuwa kando yangu. Mtu mzima mwenye futi sita, anatazama viatu vyake.

Walizungumza kwa lugha yao. Ina alinitafsiria sikioni.

"Lilipasuka lini?"

"Wakati wa joto, Mama."

"Na simu zote zile ulikuwa unaniambia kuhusu hali ya hewa."

Mama Vaine akasema, "Nilikupa wewe kwa sababu ndugu zako wangeliweka kwenye kabati la kioo. La kabatini halipasuki." Akageuka. "Leteni chakula."

Kilikuwa nguru mbichi, aliyekatwa vipande na kulowekwa kwenye ndimu na tui la nazi. Tui jingi. Alilimimina mwenyewe, akachana karatasi nyeupe ya kufutia mikono, akaitandika chini ya ufa, akakaa. Hakuna mwingine aliyeketi. Nadhani zilikuwa dakika kumi. Bibi harusi alisimama na shada lake, bwana harusi na tai yake, na Wasswa nyuma yangu akanong'ona, "Muzee, kiraka chako kikivuja, mimi sikujui."

Akaivuta karatasi, akaiinua juani. Nyeupe.

Tere alitoa pumzi ambayo nadhani aliishika tangu Novemba. Lakini mama yake alikuwa bado. Katika familia ile watu hawali kwenye bakuli kabla hawajatajwa waliolitia mkono, tangu aliyeuacha mti ukue. Alitaja majina ya kale, kwa sauti ya kawaida tu, kama mtu anayeita watu waje kula. Halafu Tere akamwonyesha nilipo, naye akaniashiria, akauliza kuhusu mti wa kiraka.

"Aliyeukata?"

"Fundi Mwinyi, wa Gazi."

Akalirudia. "Aliyeuleta?"

"Mimi. Kasimu."

"Aliyeuacha ukakua?"

Sikujua. Nilifikiri, nikasema kwetu mitondoo haipandwi. Tondoo huelea, hutupwa na maji ufukweni, huota. Kwa hiyo labda ni bahari.

Alitikisa kichwa Ina alipomtafsiria. "Bahari inatupa tondoo kila siku. Watu ndio wanaokata. Yuko mtu aliyeuacha." Na kwa kuwa sikuwa na jina, aliligonga bakuli mara moja kwa kifundo cha kidole, pale ambapo jina lingekaa. Kisha akachota kijiko cha kwanza, akanielekezea mimi.

Mnajua mimi samaki mbichi hata harufu yake siitaki.

"Mwambieni ndimu imeshampika samaki," akasema alipouona uso wangu.

"Kula, muzee," Wasswa akasema. "Sisi huku nyuma tuna njaa."

Nilikula. Alikuwa mtamu, wa baridi, laini, na hakukuwa na ladha yoyote ya mti. Nililirudia bakuli mara tatu siku ile bila kulazimishwa.

Gazi

Njia ya kurudi haina kisa. Ndege iliondoka kwa saa yake, nikalala.

Siku ya pili nilikwenda kwa Fundi Mwinyi. Akaniambia lile tawi lilitoka kwenye mtondoo ulio nyuma ya nyumba ya Bi Mwanakombo. Nikaenda, nikamkuta anachambua mchele.

"Shikamoo, Bi Mwanakombo."

"Marahaba, mwanangu. Wamekufungua?"

Nikamweleza yote. Hakuacha kuchambua. Aliniambia alipoletwa pale akiwa bibi harusi, mti ulikuwa wa kimo chake, na mumewe alitaka kuukata ajenge jiko. Yeye akahamishia mafiga chini ya mti, akapika hapo mvua na jua, mpaka mume akachoka kumwambia aondoke.

"Jina langu wanalitaka la nini?"

"Walitaje kabla ya kula."

"Kula nini?"

"Samaki mbichi, na tui."

Akafikiri. "Waambie wampike kwanza." Kisha akaweka ungo chini, akanitajia jina lake, la baba yake, na la babu yake, akingoja nimalize kuandika kila moja. Nikauliza kama nimtaje na marehemu mumewe.

"Yeye alikuwa na shoka mkononi. Andika mimi."

Nilimtumia Tere majina hayo. Jumapili akanipigia saa ya chakula chao cha mchana, na mimi nikamwahi Bi Mwanakombo na simu mkononi, nikaifungua sauti. Tulisikia vyombo, tukasikia mtoto akikatazwa kitu, kisha Mama Vaine akianza majina yake. Alipofika kwetu alikwenda taratibu, silabi moja moja. Fundi Mwinyi. Kasimu. Mwanakombo binti Hamisi wa Bakari, ingawa Hamisi lilimteleza kidogo ulimini. Hakugonga.

Bi Mwanakombo alikuwa ameinamia simu, mkono kwenye sikio.

"Mwambie arudie," akasema. "La baba yangu amelikosea."